Soko la Lushoto: mzigo wa daraja la kwanza, ufungashaji wa kujihadhari nao

Anayepanda Lushoto kununua mboga na matunda anafuata kitu ambacho Tanga na Dar es Salaam haziwezi kukiotesha: baridi. Mji uko kama mita 1,400 juu ya usawa wa bahari. Kutoka Mombo, kwenye barabara kuu ya Arusha, ni kilomita 33 hivi za lami yenye kona kali kupitia Soni. Ndani ya saa moja unaacha joto na mashamba ya mkonge, unaingia kwenye kabichi, karoti, njegere, plamsi na peasi. Kwa ubora wa mzigo unaotoka shambani, soko hili halina mpinzani mkoani Tanga. Tatizo ni kinachofanyika kati ya shamba na Mombo: vipimo, ufungashaji na upakiaji. Mzigo mwingi unaooza Kariakoo na Ilala ulishaumizwa huku juu, kabla gari halijawashwa.

Siku kubwa za soko la mjini ni Alhamisi na Jumapili. Soni ni Jumanne na Ijumaa, Sunga Jumatano, Bumbuli Jumamosi. Anayetaka kujaza gari aangalie pia ukanda wa Lukozi, Malindi na Mlalo, kwa sababu sehemu kubwa ya mboga inayouzwa mjini inatoka huko, na kila mkono unaoongezeka katikati unaongeza bei na michubuko. Mnunuzi wa nyumbani hana haja ya kwenda mbali hivyo. Alhamisi asubuhi mapema inamtosha. Saa nne ikipita, mboga za majani zilizobaki zimeshaanza kulegea na wauzaji wazuri wamemaliza.

Kabla ya kuuliza bei, ujue uko kwenye masoko mawili yaliyokaa eneo moja. La kwanza ni la malori: viazi, kabichi, karoti, nyanya, hoho, bidhaa za madalali na magunia. La pili ni la Wasambaa wenyewe: akina mama waliokaa chini na mafungu yao ya mnavu, mshunga, kibwando, ndizi na maharage. Wasambaa huiita nchi yao Shambaai, nchi ya juu ambako mgomba unastawi, wakiitenganisha na nyika iliyo chini. Wakilindi, ukoo wa watawala wa Wasambaa, waliitawala wakiwa Vuga, kisha wakaja Wajerumani walioupa mji jina la Wilhelmstal, na matunda ya baridi yalikuja na Wazungu. Kwa mnunuzi, historia hiyo ina maana yake. Peasi na plamsi zinalimwa kwa kuuzwa, na bei yake inafuata gari la Dar. Mnavu na ndizi zinalimwa kwanza kwa kuliwa, ziada ndiyo inakuja sokoni, hivyo bei yake ni ya kijirani na ubora wake hauchezewi. Salamu ya asubuhi ya Kisambaa ni "onga maundo". Anza nayo, msalimie mama vizuri, ndipo uulize fungu ni kiasi gani.

Mboga hizo za asili ndizo wageni wengi wanazipita bila kuzitazama, na ni kosa. Mnavu wa Usambara una uchungu wa kiasi na majani laini, ukichumwa kabla haujatoa vitunda. Chagua fungu ambalo shina lake likikunjwa linavunjika, maana likipinda bila kuvunjika lilichumwa jana. Mshunga ni mchungu zaidi. Huchemshwa, maji ya kwanza yakamwagwa, kisha ukaungwa kwa nazi au karanga. Kibwando kina ute kama mlenda na kinataka moto mfupi. Hizi hazivumilii safari ya gunia. Zifunge kwenye jani la mgomba, nyunyizia maji kidogo nje ya jani, siyo ndani, ziwe juu ya mizigo yote. Kesho yake jioni ziwe zimeshapikwa.

Viazi mviringo ndivyo vinavyowaliza wanunuzi wengi, basi tuvikague taratibu.

Chukua kiazi, sukuma ngozi yake kwa kidole gumba. Ngozi ikichubuka kirahisi, viazi vilichimbwa vichanga. Mkulima anayejali hukata majani ya viazi na kuviacha ardhini wiki mbili hivi ili ngozi ikomae. Anayekimbilia bei anachimba majani yakiwa bado ya kijani. Kiazi cha ngozi laini kinapoteza maji, kinanywea, na kila kilipogongwa panakuwa peusi. Kisha tafuta rangi ya kijani, dalili kwamba kiazi kilipigwa na jua shambani kwa kukosa udongo wa kutosha, au kilianikwa sokoni kutwa nzima. Kijani hicho huambatana na sumu ya solanini, na kuchemsha hakuiondoi. Kipande kidogo kikatwe kwa kina, kiazi kilichoenea kijani kitupwe.

Ukaguzi wa tatu unahitaji kisu. Kata kiazi kimoja au viwili karibu na upande ulioshikana na shina, kisha kibinye. Ukiona duara la kahawia ndani ya nyama na ute mweupe ukitoka kwenye duara hilo, huo ni mnyauko bakteria. Dalili ya nje ni macho ya kiazi yaliyogandiwa na udongo usiotoka. Gunia lenye viazi viwili vya namna hiyo usilinunue kwa kuhifadhi, na usithubutu kulitumia kama mbegu, kwa sababu bakteria huyo anabaki ardhini muda mrefu na hakuna dawa ya dukani inayomtoa. Muuzaji akikataa kukatiwa kiazi kimoja, nenda kwa mwingine.

Wauza chipsi wana kipimo chao cha ziada. Koroga kikombe 1 cha chumvi kwenye vikombe 11 vya maji, tumbukiza viazi vilivyosafishwa. Kinachozama kina wanga mwingi, kitatoa chipsi kavu na nyepesi. Kinachoelea kina maji mengi, kinafaa mchuzi na saladi, na kwenye mafuta kitakunywea pesa. Ndoo moja na chumvi kidogo inakuokoa gunia zima.

Sasa lumbesa, yaani gunia lililojazwa kupita mdomo wake. Kisheria mazao ya shambani yafungashwe yasizidi kilo 100 kwa gunia, na Wakala wa Vipimo hulisimamia hilo. Ila lumbesa bado ni mazoea ya biashara ya viazi nchini. Tazama inavyojengwa: gunia linajazwa mpaka mdomoni, kisha viazi vinapangwa kimoja kimoja kuzunguka mdomo kama tofali, vikipanda juu kwa duara, katikati panajazwa, halafu kofia nzima inazibwa kwa majani au wavu na kushonwa kwa kamba ya katani. Gunia hilo hufika kilo 130 na zaidi. Mnunuzi wa jumla anadhani amefaidi. Kwa kweli mkulima amepunjwa, mpagazi anaumia mgongo, na viazi vya chini vinabeba uzito usio wao. Lumbesa pia haikai sawa kwenye gari: inalala upande, kofia inafumuka, viazi vinavunjika. Na kwa sababu hakuna anayejua uzito halisi, ni rahisi kuficha vidogo na vilivyokatwa na jembe katikati ya gunia, vile vikubwa vikapangwa juu na pembeni.

Dawa yake ni turubai na mzani. Lipia kidogo gunia limwagwe, chagua, pakia upya kwenye magunia ya kilo 50. Mzani wa kuning'iniza wa kilo 50 unatosha na unaingia kwenye begi. Kisha piga hesabu ya kilo inayoliwa, siyo ya gunia. Kwa namba za mfano: gunia umelinunua shilingi 80,000 na mzani unasema kilo 110, unaona kilo moja ni shilingi 727. Ongeza kubeba, ushuru na nauli ya mzigo, tuseme 12,000, jumla 92,000. Toa udongo kilo 3, vidogo na vilivyokatwa kilo 9, zinabaki kilo 98. Kilo yako sasa ni kama shilingi 939. Ukiuza Dar kwa kufuata hesabu ya kwanza, umefanya kazi ya bure. Stakabadhi ya ushuru itunze mpaka mzigo ushuke, kwani vizuizini ndiyo lugha inayoeleweka.

Kwa rejareja kipimo ni sado na debe. Hivi navyo vikague: pindua sado uone kama kitako kimegongwa kuingia ndani, na mkubaliane mapema kama ni ya kilele au ya kufuta.

Kabichi ni rahisi. Nzuri ni nzito kuliko inavyoonekana, na ukiikandamiza kichwani haibonyei. Geuza uone shina lilipokatwa: vidoti vyeusi vikiwa kwenye duara, na majani ya nje yakiwa na njano ya umbo la V inayoanzia ukingoni, imeingiwa na uozo mweusi na haitamaliza siku tatu. Matundu madogo ya viwavi kwenye majani ya nje yasikutishe. Muhimu zaidi, usikubali imenyolewa ikang'aa. Majani matatu au manne ya nje ndiyo mto wake njiani, na hunyolewa ikishafika.

Karoti za hapa ni tamu, shukrani kwa usiku wa baridi. Yenye bega la kijani ilitoka juu ya udongo, na sehemu hiyo ni chungu. Iliyogawanyika miguu imekutana na mawe au samadi mbichi. Iliyopasuka kwa urefu ilipata maji mengi ghafla baada ya kiu. Hizo mbili za mwisho zinalika vizuri, ni sura tu, ziombe kwa bei ya chini. Majani yakatwe palepale unaponunua, maana yanaendelea kunyonya maji ya mzizi na kesho karoti inapinda kama kamba. Lawama moja tunaitoa wazi: karoti nyingi huoshwa kwenye vijito ili zipendeze. Maji ya kijito yanaleta uchafu wa waliooga na kufua juu yake, na karoti iliyofungwa mbichi kwenye gunia la plastiki inaanza utelezi ndani ya siku moja. Nunua zenye udongo mkavu, utaziosha mwenyewe kwa maji safi. Ukizikuta zimeshaoshwa, zianike kivulini mpaka zikauke ndipo zifungwe.

Nyanya zitazame karibu na kikonyo. Vitundu vya pini na vumbi jeusi ni kazi ya kantangaze, kiwavi anayetoboa nyanya, na tenga lenye nyanya tano za hivyo juu lina nyingi zaidi chini. Chukua zilizoanza tu kugeuka rangi, zitaivia njiani. Tenga la mbao litandikwe nyasi kavu au magazeti kila upande. Kreti ya plastiki ni bora mara mbili, hata kama ni ya kukodi.

Kwenye maharage, mtego ni unyevu. Chukua chupa kavu ya kioo, ijaze theluthi moja, tia vijiko viwili vya chumvi kavu, tikisa dakika moja, acha dakika 15. Chumvi ikiganda kwenye kioo, unyevu umezidi asilimia 15 na maharage yatafanya ukungu yakifungwa. Tundu la duara kwenye punje ni la fukusi wa maharage. Ukiona moja tu, weka mzigo kwenye mifuko ya kinga njaa, ile ya tabaka kadhaa isiyopitisha hewa, ufunge barabara, kila tabaka peke yake.

Matunda ndiyo sababu ya wengi kupanda mlima, na msimu wake mzuri wa plamsi, pichisi na peasi unaangukia kuanzia Desemba hadi Februari au Machi. Plamsi iliyo fresh ina utandu mweupe kama vumbi la unga. Utandu huo ni nta ya tunda lenyewe, na ukiwa mzima unakwambia tunda halijashikwashikwa. Plamsi inayong'aa kama imepakwa mafuta imefutwa au imepita mikono mingi. Ibonye taratibu upande wa chini, siyo kwenye kikonyo. Ikilegea kidogo, ni ya kula leo. Ikiwa ngumu lakini imeshashika rangi, inavumilia siku tatu nne. Ya kijani kabisa italainika bila kupata sukari, achana nayo.

Peasi ina tabia yake na inawachanganya watu. Haiivii vizuri juu ya mti. Inaiva kutoka ndani kwenda nje, kwa hiyo ukisubiri ilainike mtini, kokwa limeshakuwa kahawia na nyama ina mchanga mchanga mdomoni. Inachumwa ikiwa imekomaa na ngumu. Kipimo cha mkulima ni kuiinua tunda usawa, na iliyokomaa inaachia tawi yenyewe bila kuvutwa. Sokoni basi usikatae peasi kwa ugumu. Kataa iliyolainika tumboni, na kataa isiyo na kikonyo, kwa sababu palipong'oka ndipo uozo unapoingilia. Nyumbani iache kwenye joto la kawaida, ubonye shingo karibu na kikonyo kila siku. Siku shingo inapobonyea, tunda liko tayari, na una siku moja au mbili tu. Waliokula peasi ya Lushoto Dar wakasema haina ladha, mara nyingi walikula siku mbili mapema.

Pichisi ni laini mno kwa gari la mizigo. Nunua za kula njiani, au za jamu. Parachichi chukua ngumu, yenye kikonyo.

Mwenye hamu ya jibini na jamu atoke kidogo nje ya mji, kilomita 5 hivi hadi Irente, shamba lililo chini ya Kanisa la Kilutheri. Linasifika kwa jibini, jamu za matunda ya hapahapa na mkate mzito wa rai (nafaka ya jamii ya ngano). Jibini linataka boksi la barafu mpaka nyumbani, maana joto la Mombo linalitoa jasho la mafuta na ladha inaharibika.

Na joto hilo la Mombo ndilo linalotuleta kwenye kupakia. Mboga iliyovunwa kwenye baridi ikishushwa ghafla kwenye hewa ya joto yenye unyevu, maji yanajikusanya juu yake kama kwenye chupa ya soda. Maji hayo pamoja na mchubuko ndiyo uozo. Mboga pia zinapumua na kutoa joto, na kadiri zinavyopata joto ndivyo zinavyopumua haraka zaidi, mpaka katikati ya mzigo kunakuwa na moto unaousikia kwa mkono. Kwa hiyo usivune wala kupakia saa sita mchana. Mzigo ukae kivulini, upakiwe jioni, gari lishuke usiku na kufika sokoni alfajiri. Chini ya gari tandika chaga za mbao au mabua, hewa ipite. Viazi viende chini, juu yake karoti, kabichi, hoho, na tenga za nyanya juu kabisa. Turubai liinuliwe na fito lisilalie mzigo, mbele na nyuma paachwe upenyo. Matunda yaliyoiva yakae mbali na karoti na mboga za majani: yanatoa gesi ya ethilini, ambayo inaitia karoti uchungu na kuyafanya majani yawe ya njano. Wapagazi walipwe kwa gunia lililowekwa, siyo lililorushwa, na semeni hivyo kabla kazi haijaanza.

Wakati wa masika, Machi hadi Mei, weka siku ya akiba. Maporomoko yanaweza kuziba barabara ya mlimani, na njia za udongo kutoka vijijini zinateleza kiasi kwamba mzigo unahamishwa gari mbili tatu kabla ya kufikia lami. Kipindi hicho usichukue nyanya wala plamsi za mbali. Chukua kabichi na viazi, na hivyo viazi vikiwa vimekauka.

Mzigo ukifika, magunia yafunguliwe saa hiyohiyo hata kama ni saa kumi alfajiri na kila mtu amechoka. Mwaga karoti chini kwenye turubai penye upepo, toa zenye utelezi. Viazi viende gizani, penye hewa, mbali na vitunguu. Kabichi zisimame kwa safu moja, zinyolewe zile za kuuzwa siku hiyo tu. Peasi zipangwe kwenye boksi bila kugusana, na kila jioni mtu mmoja azibonye shingo.